Siwa Ipo, Mlio Wake Uko Wapi?

Msomaji aliyewahi kuzuru makumbusho ya Lamu bila shaka ameiona siwa. Ya Pate ni ya pembe ya ndovu, ya Lamu ni ya shaba, na zote mbili ni kazi za mafundi ambao mfano wao leo ni nadra kupatikana. Wazee wetu wakizipuliza siku za arusi na sherehe za watu wakubwa, na mji mzima ukijua kwamba leo kuna jambo. Mgeni hufika akaizunguka, akaisifu nakshi yake, akasoma maelezo yaliyoandikwa kando, kisha akenda zake. Lakini tuulizane kwa haki: ni wangapi kati yetu waliopata kuisikia ikilia? Chombo tumekitia ndani ya kufuli, na mlio wake tumeuachia upepo.

Fikira hii haikutujia Lamu. Imetujia Nairobi, mbali kabisa na bahari, katika mitaa miwili ambayo Mpwani akitajiwa huwazia matope na mabati tu: Kibera na Kawangware. Simama Makina, Kibera, jua linapokuchwa. Utasikia adhana ikitoka msikitini, na kabla haijesha utasikia honi ya matatu, nyundo ya fundi wa mabati, redio ya muuza duka, mama akimwita mwanawe, na mbali kidogo ngoma ya kanisa. Wengi watasema hayo ni makelele. Sisi twasema hiyo ni tarehe ya watu, nayo yapita kila jioni bila ya kuandikwa na mtu.

Natuchukulie kwamba iko elimu moja ambayo haijapata kufundishwa katika chuo chochote, nasi tuiite elimu ya mwangwi. Mwanachuoni wa elimu hii hachori milima wala mito. Yeye huandika kwamba pahali fulani, saa fulani, mwaka fulani, palisikika kadha wa kadha. Kisha baada ya miaka kumi hurudi palepale, saa ileile, akasikiliza nini kimebaki na nini kimetoweka. Hivyo mwangwi wake hautoki ukutani bali watoka katika zama.

Mwangwi wa kawaida kila mtoto aujua. Sauti huenda kiasi cha mita 340 kwa sekunde moja. Ukiita mbele ya ukuta ulio mbali nawe mita 17, sauti yako huenda ikarudi kwa muda wa sehemu moja ya kumi ya sekunde, nalo sikio huweza kuitenga na ile ya kwanza. Ukuta ukiwa karibu zaidi ya hapo, sauti hujichanganya ikawa mvumo mmoja. Ndiyo maana katika vichochoro vya Kibera, ambamo ukuta wa bati huangaliana na ukuta wa bati kwa hatua mbili tatu, mtu hasikii mwangwi, husikia mvumo. Na hali ya kumbukumbu zetu ni hiyohiyo. Tukilikaribia mno jambo twasikia mvumo tu. Hatuna budi kwenda mbali nalo kidogo ndipo lirudi kwetu likiwa na maana. Hatari ni kwamba tutakapokuwa tumefika huko mbali, huenda ukuta wenyewe hautakuwapo tena wa kuturudishia.

Msomaji Mwislamu asidhani kwamba elimu hii ni ngeni kwake. Sisi ndio tuliorithi elimu kubwa kupita zote za kuhifadhi sauti kwa zama. Hadithi hailetwi bila ya isnadi: fulani kaisikia kwa fulani, naye kaisikia kwa fulani. Tajwidi nayo ni ramani ya sauti hasa. Hueleza kila herufi yatoka pahali gani kooni, ulimini au midomoni, na huvutwa kwa kiasi gani. Mwanafunzi hukaa mbele ya shehe wake, akasikia akarudisha, akakosolewa akarudisha tena, mpaka sauti ya leo ikalingana na ile ya jana. Ilipofika mwaka 1961, kisomo cha Kurani nzima cha Sheikh Mahmoud Khalil al-Husary wa Misri kilitolewa katika sahani za santuri. Shehe huyo alifariki mwaka 1980, na hadi leo wako watoto wa madrasa wanaomfuatiza herufi kwa herufi. Watu wenye urithi wa namna hii wawezaje kusema kwamba sauti ni kitu cha kupuuzwa?

Wenzetu wa mbali nao wamekwisha amka. Katika miaka ya sabini, mwanamuziki wa Kanada R. Murray Schafer na wenziwe walianza kunasa sauti za mji wa Vancouver: honi za meli, kengele, maji, nyayo za watu. Kazi ya kwanza waliitoa mwaka 1973. Katika miaka ya tisini mji uleule ulisikilizwa tena, na mtu aliyeziweka kazi hizo mbili ubavu kwa ubavu aliweza kuusikia mji ukibadilika. Kama jambo hili lafaa kwa Vancouver, laifaa zaidi Kibera, ambako nyumba hujengwa na kubomolewa katika umri wa mtoto mmoja.

Basi natuanze na majina, maana jina ndiyo santuri ya kwanza ya binadamu. Kibera yatokana na neno la Kinubi, Kibra, maana yake msitu. Wanubi ni kizazi cha askari wa Kisudani waliotumikia jeshi la KAR, ambao serikali ya Kiingereza iliwaweka hapo mwanzoni mwa karne ya 20, katika eneo lililokuwa zaidi ya ekari 4,000. Kawangware nayo hunasibishwa na neno la Kikikuyu, ngware, yule ndege ambaye sisi Wapwani twamwita kwale. Tafakari, ndugu msomaji. Mtaa mmoja umeitwa msitu, na mwingine umeitwa kwa ndege alaye chini ya vichaka. Leo ukipanda matatu ya namba 46 kwenda Kawangware hutamsikia kwale. Utasikia utingo akinadi abiria. Lakini kila anaponadi jina la mtaa, amtaja yule ndege bila ya kujua. Na neno matatu lenyewe ni mwangwi wa nauli ya kale, mapeni matatu ya senti kumi kumi, pesa ambazo vijana wa leo hawajapata kuzishika mkononi.

Ingia ndani ya Kibera uyasikilize majina mengine. Kiko kijiji kiitwacho Lindi. Jina hilo ni la bandari ya kusini mwa Tanzania, na huko ndiko askari wa KAR walikopigana na Wajerumani mwaka 1917 katika vita vikali mno. Tena ni Lindi hiyohiyo ambako Mjerumani Karl Weule alitua mwaka 1906 na mashine ya kunasa sauti, akaingia bara akanasa nyimbo za watu wa huko katika mitungi ya nta. Mitungi ya safari ile ilipelekwa Berlin, ambako hifadhi ya sauti ilianzishwa mwaka 1900. Hivyo mtafiti wa Kijerumani leo aweza kuzisikia sauti za wazee wa kusini wa mwaka 1906, lakini mjukuu wa askari aliyepigana kusini hawezi kuisikia sauti ya babu yake mwenyewe wa Kibera, kwa sababu wakati ule hapakuwa na aliyeona kwamba ya kazi.

Si Berlin peke yake. Hugh Tracey alizunguka Afrika Mashariki na mitambo yake mwaka 1950 na 1952, na kanda alizozikusanya zimewekwa Afrika ya Kusini. Mwaka 2014 nakala za nyimbo alizozinasa kwa Wakipsigis zilirudishwa vijijini kwao, baada ya miaka zaidi ya sitini. Huko Tervuren, Ubelgiji, mna sauti nyingi za Afrika ya Kati makabatini. Kijana wa Nairobi ajulikanaye kwa jina la KMRU, mjukuu wa mwimbaji Joseph Kamaru aliyefariki mwaka 2018, alizisikiliza baadhi yake na mwaka 2022 akatoa kazi iliyotokana nazo. Twawapongeza wote waliohifadhi na waliorudisha. Lakini ni aibu kwa mwenye nyumba kwenda kubisha hodi kwa jirani ili asikilize sauti ya mama yake.

Sasa tuje kwenye lugha. Kinubi cha Kibera ni lugha iliyozaliwa na Kiarabu kambini mwa askari, ikapata sarufi yake yenyewe. Mwaka 1982 mtaalamu Bernd Heine aliiandikia kitabu. Mpwani akikisikia Kinubi hujiona kama aliyeingia nyumba ya binamu yake. Akihesabu, Mnubi naye asema sita, saba, tisa kama sisi. Lakini akikuomba moyo usishtuke wala usidhani unaposwa: kwa Kinubi moyo ni maji. Mambo kama haya hayawezi kuelezwa na kamusi peke yake. Yataka kusikiwa: namna bibi anavyoliinua neno, namna kina mama wanavyopokezana wimbo wa doluka arusini, wapi ngoma husita na wapi huingia. Watoto wa leo wa Kibera wasema Kiswahili na Sheng mtaani na Kiingereza shuleni. Hatuwalaumu, ndiyo dunia yao. Lakini lugha inayosemwa na wazee pekee ni taa inayowaka kwa mafuta yaliyo chini ya chupa.

Na hapa ndipo msomaji aone kwamba hatuzungumzii mchezo. Kwa miaka mingi kijana wa Kinubi aliyetaka kitambulisho alipelekwa mbele ya kamati za kumhoji asili yake, jambo ambalo vijana wa jamii nyingi za Kenya hawakulijua. Babu yako ni nani? Kazikwa wapi? Nani akujuaye? Mwaka 2011 kamati ya Afrika inayosimamia haki za watoto iliamua kwamba Kenya imewakosea watoto wa Kinubi katika suala hili la uraia. Mwaka 2017 jamii hiyo ikapewa hati ya ardhi ya ekari 288 Kibera. Kati ya zaidi ya ekari 4,000 zile, na hizi 288, pana masimulizi ya zaidi ya karne moja, na sehemu kubwa ya masimulizi hayo haimo katika karatasi. Imo vinywani. Mzee mmoja akiiaga dunia, huenda shahidi mzima amezikwa naye.

Ilikuwapo pia siku ambapo Kibera haikuwamo hata katika ramani ya kawaida. Mwishoni mwa mwaka 2009 vijana wa mtaa, katika mradi wa Map Kibera, walishika vyombo vya kupimia wakatembea kichochoro baada ya kichochoro, wakaandika shule, visima, misikiti, makanisa na zahanati. Mwaka huohuo hesabu ya watu ya serikali ilitaja watu 170,070, ilhali wageni walikuwa wamezoea kusema milioni nzima. Twajifunza nini? Kwamba asiyejihesabu mwenyewe atahesabiwa na wengine kwa namna wapendayo, na asiyejichora atachorwa. Ramani ile ilikuwa kazi njema sana. Lakini ni ramani bubu.

Lau ingekuwa na sauti, ingetuonyesha hata kimya. Januari 2008, katika fitina zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, reli inayopita katikati ya Kibera iling'olewa. Honi ya treni ambayo watu waliipimia saa zao ikanyamaza. Redio ndogo ya mtaani, Pamoja FM, iliyoanzishwa mwaka 2007, ilikuwa miongoni mwa sauti zilizowasihi watu watulie. Julai 2018 yakaja mabuldoza kufungua njia ya barabara, nyumba na shule zikaanguka. Kule Kawangware nako, Oktoba 2017, siasa ilimwaga damu na kuchoma maduka. Kimya cha siku ya pili yake, mama asiyeuza, matatu isiyopita, mtoto asiyelia mlangoni, hicho pia ni ushahidi. Ni nani aliyekiandika?

Tunajua tutajibiwa. Mtu atasema: watu wa Kibera wataka maji, vyoo na kazi, nyinyi mwawaletea hadithi za mwangwi? Swali hili ni la haki, nasi hatulikwepi. Sauti haijazi sufuria. Lakini binadamu hana sufuria tu. Mtu aliyenyimwa kitambulisho hakunyimwa kwa kukosa sufuria. Alinyimwa kwa kuambiwa kwamba hajulikani. Na wako wengine watakaosema kwamba makelele yamezidi, na kwamba tangu mwaka 2009 iko sheria ya kuyazuia. Hatuipingi sheria. Mgonjwa na mtoto mchanga wana haki ya kulala. Tusemalo ni kwamba chombo cha kupimia kishindo chajua ukubwa wa sauti tu. Hakijui kama ni adhana, au maulidi, au mashine ya kusaga, au kilio cha matanga. Hilo lajulikana na sikio la mwenye mtaa.

Iko na adabu yake, nayo yataka kutangulizwa. Dini yetu imekataza kupelelezana na kutega sikio kwenye siri za watu. Basi asije mtu akatembea na simu mfukoni akinasa mazungumzo ya nyumba za watu akasema anafanya elimu. Kwanza idhini. Bibi asiyetaka sauti yake isikiwe na wanaume wa nje, aheshimiwe. Wajukuu wake wa kike na wamnase, nao wamhifadhie ndani ya ukoo. Anayetaka jina lake lisitajwe, lisitajwe. Wala sauti ya mtu isiuzwe wala kubandikwa kwenye tangazo la biashara pasi na ridhaa yake. Sauti ni amana, na amana hurudi kwa mwenyewe.

Kazi yenyewe si nzito, wala haingoji msaada kutoka ng'ambo. Zamani ilitaka mashine ya nta, au safari kama ile ya Siti binti Saad kwenda Bombay mwaka 1928 kuimba mbele ya mitambo. Leo simu ya kijana wa Kawangware yaweza kunasa kisomo, hadithi au wito wa muuza samaki. Kinachokosekana ni utaratibu. Na iandikwe siku, saa, pahali na jina la msemaji akikubali. Na irudiwe palepale mwaka ujao. Nakala moja ikae kwa mwenyewe, ya pili madrasani au katika maktaba ya mtaa, ya tatu ipelekwe Nyaraka za Taifa au hifadhi nyingine yenye dhamana. Miaka ya karibuni wako vijana wa Nairobi walioanza kukusanya sauti za mji wao katika hifadhi iitwayo Sound of Nairobi. Ni mwanzo mwema. Kamati za misikiti ya Makina na Kawangware, walimu wa madrasa, na vyama vya kina mama wa Kinubi wasingoje kualikwa. Waanze na mzee aliye karibu.

Nasi wa Pwani tusijifanye watazamaji. Watu wetu wengi wamekaa Nairobi miaka nenda miaka rudi, na katika mitaa hii walipokewa kwa salamu wazijuazo na msikiti waujuao. Tena hapa kwetu hali si bora. Wazee wa Mombasa waikumbuka Sauti ya Mvita. Ni vipindi vingapi vyake ambavyo mtoto wa leo aweza kuvisikiliza? Waadhini wetu wa kale, wasoma maulidi wa zamani, manahodha waliokuwa wakiitana bandarini, ni wangapi tulio na sauti zao? Asiyeyahifadhi ya kwake hana haki ya kumcheka jirani.

Lile tulilotaka kusema ni hili tu: ardhi hupimwa kwa ekari, nyumba huhesabiwa kwa milango, lakini watu hujulikana kwa sauti zao. Jioni ya leo, baada ya magharibi, yuko bibi Makina anayemwita mjukuu wake kwa lugha ambayo mjukuu huijibu kwa nyingine. Simu iko mkononi mwa mjukuu huyo. Na amwombe bibi ruhusa, akae karibu yake, amsikilize, tena anase. Asipofanya hivyo, ipo siku atakuja kusimama mbele ya picha ya bibi yake ukutani, kama sisi tusimamavyo mbele ya siwa, akaitazama kwa mapenzi makubwa, nayo isimwambie neno.